Freddie wa Shangani, Philly wa Kampala

Ukiingia Uganda kwa Mutukula, barabara inakupitisha katika nchi iliyozika watu wengi. Upande wa Kagera, mwanzoni mwa miaka ya 1980, watu walianza kukonda na kufa, na kwa kuwa maradhi yenyewe hayakuwa na jina wakayaita Juliana, jina la kitambaa cha fasheni kilichokuwa kikivushwa mpakani na wachuuzi. Ng'ambo ya pili, Kyotera na Rakai, wakayaita siliimu. Ndio UKIMWI. Kijiji cha wavuvi cha Kasensero, ufukweni mwa Ziwa Viktoria, kinatajwa hadi leo kuwa mahali walipotambuliwa wagonjwa wa mwanzo wa Uganda, mwaka 1982. Basi letu lilipita Kyotera asubuhi. Wanafunzi wenye sare walikuwa wakitembea kwa mstari pembezoni mwa lami, na mashambani, katikati ya migomba, hatua chache tu kutoka milango ya nyumba, makaburi ya saruji yalikuwa yamepangana. Mengine yalikuwa mengi mno kwa nyumba moja.

Nilikuwa naelekea Kawempe, kaskazini mwa Kampala, alikoolewa dada yangu. Kumwona dada ndiko kulikokuwa shughuli ya kwanza. Ya pili niliibeba kimya kimya. Mimi ni mpiga kinanda wa taarab, mtu wa Unguja, na katika miaka yote niliyopiga kwenye hoteli za Mji Mkongwe hakuna mwanamuziki ambaye wageni wameniuliza habari zake zaidi kuliko Freddie Mercury. Wageni ndio wanaouliza. Wenyeji wenzangu wanajua jina, wanajua nyumba inayotajwa, wanajua kuwa watalii hupiga picha pale Barabara ya Kenyatta, na mazungumzo yanaishia hapo. Alikufa kwa UKIMWI, na namna alivyoishi haizungumzwi mbele ya wazee. Huku kwetu ametundikwa ukutani kwa ajili ya biashara. Kampala nako kuna mwanamuziki wake aliyekufa kwa maradhi hayohayo, Philly Bongoley Lutaaya, na nilikuwa nimesikia kwamba huyo wamemweka moyoni. Nilitaka kujua walifanyaje.

Nianze na huyu wetu, maana ndiye ninayemjua kwa vidole. Farrokh Bulsara alizaliwa Unguja tarehe 5 Septemba 1946. Baba yake, Bomi, alikuwa keshia wa Mahakama Kuu wakati wa Waingereza. Mama yake aliitwa Jer. Walikuwa Waparsi, watu wa dini ya Zoroasta, asili yao Gujarat. Mtoto alipofika miaka minane wakampeleka bweni India, skuli ya St Peter's huko Panchgani, kwa meli hadi Bombay na kisha kupanda milimani. Huko ndiko alikoanza kuitwa Freddie. Huko ndiko alikofaulu mitihani ya piano hadi daraja la nne, na akiwa na umri wa miaka kama kumi na miwili yeye na wavulana wenzake wakaunda bendi ya skuli, The Hectics, yeye akikaa kwenye piano. Mwaka 1963 akarudi Unguja. Tarehe 12 Januari 1964 yakatokea Mapinduzi, na mwaka huohuo familia ikaondoka kwenda Feltham, kitongoji kisicho mbali na uwanja wa ndege wa Heathrow. Alikuwa na miaka 17. Hakurudi kuishi nasi tena.

Uingereza alisoma sanaa, akapata diploma ya chuo cha Ealing mwaka 1969, akauza nguo kuukuu katika soko la Kensington pamoja na mpiga ngoma Roger Taylor. Mwaka 1970 Queen ikaundwa, na Bulsara akajigeuza Mercury. Mengine ulimwengu unayajua. Mwaka 1975 alitoa wimbo wa karibu dakika sita, Bohemian Rhapsody, usio na kiitikio, wenye kipande kizima cha opera katikati, na Waingereza wakauweka nambari moja kwa wiki tisa. Watu husifia sauti, nami sina ugomvi nao, lakini sisi wapiga kinanda tunamsikiliza kwa mikono. Pale mwanzo, mkono wa kulia ukiwa umekaa mahali pake unazungusha noti zake, mkono wa kushoto unaacha besi, unaruka juu ya wa kulia, unagusa noti mbili za juu, halafu unarudi chini kama vile haukwenda popote. Anayetazama hudhani ni mbwembwe. Jaribu kuupiga bila mbwembwe hiyo: ule msukumo wa kuvuta pumzi baina ya noti hupotea. Mwenyewe alikuwa akisema hajui vizuri kusoma muziki ulioandikwa. Alitunga kwa kugusa na kusikia, na nyimbo zake nyingi kubwa zilitoka kwenye piano moja ndogo ya mkia, Yamaha, aliyoinunua mwaka 1975. Piano hiyo ilipigwa mnada London Septemba 2023 kwa zaidi ya pauni milioni 1.7.

Barabara ya Bombo ndiyo inayokufikisha Kawempe. Inatoka katikati ya mji, inapita Wandegeya, inaiacha Makerere juu ya kilima upande wa kushoto na Mulago upande wa kulia, inateremka Bwaise penye maji, kisha inapanda tena. Yote hayo, chuo kikuu, hospitali kuu ya rufaa na bonde la matope, yamo ndani ya divisheni moja ya Kawempe. Nilipanda takisi, yaani daladala kwetu, na nikakaa karibu na kondakta ili anishushe Mbogo. Nilimsalimia kwa Kiswahili. Mzee mmoja nyuma yangu, mwenye kanzu na koti, akacheka akasema, "Huyu anasema lugha ya askari." Hakuwa na ubaya. Watu wa rika lake walikisikia Kiswahili kwenye vizuizi vya barabarani, kwenye midomo ya wanajeshi wa tawala zilizopita, na barabara hii hasa ilikuwa na vizuizi vingi, kwani ukiifuata unafika Luweero, kulikokuwa kitovu cha vita vya msituni vya 1981 hadi 1986. Nikamjibu kuwa mimi ni mtu wa Zanzibar, lugha hii ni ya mama yangu. "Basi karibu, ssebo," yaani bwana, akasema, na njia nzima iliyobaki alinitajia vituo jina kwa jina.

Nikiwa katika takisi hiyo niliwaza Julai 1985. Tarehe 13 ya mwezi huo Freddie Mercury alipanda jukwaani Wembley, katika tamasha la Live Aid la kuchangia wenye njaa Ethiopia, akaketi kwenye piano mbele ya watu wapatao 72,000, na kwa dakika kama ishirini akafanya jambo ambalo wanamuziki bado wanalitazama na kulisoma. Dunia ilikuwa ikitazama Afrika kupitia televisheni. Wiki mbili baadaye, tarehe 27, Milton Obote alipinduliwa hapa Kampala, na wanamuziki wengi wa Uganda walikuwa wameshakimbia siku nyingi. Lutaaya alikuwa Sweden.

Dada yangu anakaa upande wa Kawempe uitwao Mbogo, na jina hilo lina deni na Unguja. Mwanamfalme Nuhu Mbogo, ndugu yake Kabaka Muteesa wa Kwanza, alikuwa kiongozi wa Waislamu wa Buganda wakati ambao Waislamu, Wakatoliki na Waprotestanti walikuwa wakipigania nchi kwa bunduki. Mwaka 1893 Waingereza walimwondoa wakampeleka Zanzibar uhamishoni. Miaka michache baadaye wakamruhusu kurudi, akaishi akiheshimiwa na watu wake hadi alipofariki mwaka 1921. Leo kuna skuli zenye jina lake na misikiti ambayo adhana zake hupishana jioni, na kanzu hapa hazihitaji maelezo. Shemeji yangu aliniambia habari za Mbogo usiku wa kwanza, tukila matoke na samaki, kwa fahari ya mtu anayesimulia habari za babu yake mzazi. Alinikaribisha mara mbili: kama shemeji, na kama mtu wa kisiwa kilichompa hifadhi mzee wao. Kusema kweli kisiwa hakikuulizwa. Nilinyamaza, nikapokea ukarimu wake.

Mpwa wangu ni fundi wa spika Bwaise. Kibanda chake kiko chini, karibu na mfereji wa Nsooba, na kila kitu humo kimeinuliwa. Amplifaya ziko kwenye rafu ya juu kabisa, betri zimepangwa juu ya matofali, na jiko lake la kuyeyushia risasi linaning'inia kwenye msumari. Ukutani kuna mstari wa kahawia, kimo cha goti, ambako maji yalifika mvua zilizopita. Juu yake kuna mstari mwingine hafifu zaidi, kimo cha kiuno, wa mvua za zamani. Vijana wa kanisani, wa msikitini, wa bendi na wa mikutano ya siasa wote wanamletea spika zilizopasuka. Nilimuuliza kama anamjua Lutaaya. "Mjomba," akasema huku anavuta waya, "hapa hakuna Krismasi bila Philly. Hata sisi tusiosherehekea, Desemba yote tunawatengenezea watu redio za kumsikiliza." Alikuwa anazungumzia albamu ya Krismasi ya Kiganda ambayo Lutaaya aliirekodi akiwa Sweden. Nimeishi na Waganda wa kutosha kujua kuwa hatii chumvi. Mwezi wa kumi na mbili ukifika, sauti hiyo iko kwenye takisi, madukani, kwenye saluni, makanisani.

Lutaaya alizaliwa mwaka 1951. Miaka ya 1970 alipiga katika bendi za Kampala, kisha akatoka nchini kama wengi, akapitia Kenya, na miaka ya 1980 akatulia Stockholm. Huko akatoa Born in Africa, albamu iliyomfanya akumbukwe nyumbani zaidi kuliko alipokuwa nyumbani. Mwaka 1989 akarudi, akatangaza hadharani kuwa ana UKIMWI. Alikuwa Mganda wa kwanza maarufu kufanya hivyo. Wengi hawakumwamini. Alionekana mzima, ana nguo nzuri, ametoka Ulaya. Wakasema amelipwa na wazungu ili atishe watu, wakasema anauza albamu. Akaenda skuli baada ya skuli, kanisa baada ya kanisa, akisema lilelile na kuimba nyimbo mpya alizozitunga juu ya ugonjwa wake, zile za albamu ya mwisho, Alone and Frightened. Filamu ilipigwa ya safari hizo. Mwili wake ndio uliomaliza ubishi: watu walimwona akikonda mwezi hadi mwezi. Alikufa tarehe 15 Desemba 1989, na miaka yake 38.

Dada alinipeleka kwa jirani yake, bibi ambaye mtaa mzima unamwita jjajja, aliyewahi kufanya usafi Mulago katika miaka hiyo. Alikuwa amekaa kwenye mkeka barazani akimenya maharage mabichi. Nilipiga goti kidogo kumsalimia kama nilivyoona wengine wakifanya. Akafurahi, akanishika mkono akabaki nao. Alisema alimwona Lutaaya kanisani, ameketi kwenye kiti kwa sababu miguu ilikuwa imeshachoka. Kilichomkaa bibi moyoni hakikuwa wimbo. Ilikuwa ni namna alivyokunja mkono wa shati akaonyesha mkono wake ulivyokuwa umekwisha, mbele ya watoto wa Jumapili, bila haya. "Mimi nilikuwa nafua mashuka ya wodi," akasema, na dada akawa ananitafsiria. "Wagonjwa walikuwa wanaletwa usiku, wamefunikwa uso. Yule alikuja mchana." Kisha akaendelea kumenya maharage, akaniuliza kama Zanzibar kuna mihogo.

Inafaa msomaji ajue kuwa Lutaaya hakuangukia mahali pakavu. Mwaka 1986, miezi michache tu baada ya serikali mpya kuingia Kampala, waziri wa afya, Ruhakana Rugunda, alisimama Geneva mbele ya mkutano wa Shirika la Afya Duniani akasema Uganda ina UKIMWI na inahitaji msaada. Wakati huo serikali nyingi za Afrika zilikuwa zikikana. Mwaka 1987 Noerine Kaleeba, aliyekuwa akifundisha tiba ya viungo Mulago, alifiwa na mumewe kwa ugonjwa huo, na pamoja na wenzake wakaanzisha TASO, shirika la kuwasaidia wanaoishi na virusi. Wengine kati ya wale wa mwanzo walikufa mapema. Kituo cha TASO cha Mulago kipo hadi leo, ndani ya divisheni hiihii ya Kawempe, na nilipopita nje yake asubuhi moja watu walikuwa wakiingia na kutoka na bahasha zao za dawa kama wanaotoka benki. Dawa za kupunguza makali zilianza kutolewa bure nchini mwaka 2004, miaka kumi na mitano tangu Lutaaya afe. Kiwango cha maambukizi kwa watu wazima, kilichokuwa kama asilimia 18 mwaka 1992, kilishuka hadi asilimia 6 hivi mwanzoni mwa miaka ya 2000. Hakuna mwenye akili atakayempa mwimbaji mmoja sifa zote za kazi hiyo. Lakini muulize yeyote wa umri wa bibi yule ni nani alimfanya aamini kuwa siliimu ipo, atakutajia mwimbaji kabla ya waziri.

Mwaka huohuo wa 1987 TASO inaanzishwa, Freddie Mercury naye aliambiwa na madaktari kuwa ana virusi. Yeye alichagua njia nyingine. Aliwaambia wa karibu, akawanyima wengine. Magazeti ya London yalimwinda, yakapiga picha mashavu yake yalivyobonyea, na kila walipouliza jibu lilikuwa hapana. Akaendelea kuimba studio, nyingi ya siku hizo Montreux, Uswisi, hata aliposhindwa kusimama muda mrefu. Tarehe 23 Novemba 1991 ndipo ilipotolewa taarifa yake kuwa ana UKIMWI. Kesho yake jioni akafa, nyumbani kwake Kensington, akiwa na miaka 45. Aliagwa na makasisi wa Kizoroasta, kwa dini ya wazazi wake. Mwaka uliofuata wenzake wa bendi walifanya tamasha kubwa Wembley na kuanzisha Mercury Phoenix Trust, mfuko ambao tangu hapo umekuwa ukigharimia kazi za kupambana na UKIMWI, nyingi zikiwa barani Afrika.

Kuna waliomlaumu, hata wakati ule, kwamba angesema mapema angeokoa watu. Baada ya kukaa Kawempe simlaumu. Lutaaya alikuwa na mahali pa kurudi kusema. Alikuwa na lugha ambayo mama wa sokoni na mtoto wa darasa la tatu wote wangeielewa, alikuwa na makanisa ya kumsikiliza, na alikuwa na nchi iliyokuwa imeanza, kwa shida, kulitamka neno hilo. Hata hivyo walimtukana kwanza. Farrokh Bulsara angerudi wapi? Kwetu alikuwa mtoto wa keshia wa Kiparsi aliyeondoka na mabegi mwaka wa Mapinduzi. Mwaka 2006, ilipopangwa sherehe ya kutimia miaka 60 tangu azaliwe, jumuiya ya Kiislamu ya Uamsho ilipinga kwa nguvu kwamba mtu kama yule haenziwi Zanzibar, na sherehe ikafutwa. Novemba 2019 likafunguliwa jumba la makumbusho yake Shangani, na ni zuri, nimeingia. Waliokuwa kwenye foleni siku ile wote walikuwa wageni.

Na nisiipambe Kampala kupita kiasi. Yule bibi wa barazani anayemlilia Philly hadi leo, sidhani kama angemkunjulia mkeka Freddie, aliyependa wanaume wenzake. Mwaka 2023 Uganda ilipitisha sheria inayowapa wapenzi wa jinsia moja kifungo cha maisha, na adhabu ya kifo katika makosa fulani, na wahudumu wa afya waliripoti kuwa wapo waliokuwa wakija kuchukua dawa wakaacha kwa hofu. Nilimuuliza juu ya hilo kijana mmoja anayefanya kazi ya ushauri nasaha. Aliangalia kando, akasema kazi yao ni kumpa dawa kila anayeingia mlangoni, tatizo ni asiyeingia. Nchi iliyojifunza kumsikiliza mgonjwa mmoja inaweza kumfungia mlango mwingine, na virusi havichagui. Sisi Zanzibar hatuna la kuwafundisha katika hili. Lakini jambo walilolifanya kwa Lutaaya walilifanya kweli, na ndilo nililolifuata.

Vijana wa Kampala wanaopenda muziki wa nje walinitajia mwanamuziki mwingine, Michael Kiwanuka. Huyu amezaliwa London mwaka 1987 na wazazi waliokimbia utawala wa Idi Amin, anatunga, anaimba na kupiga gitaa, na mwaka 2020 albamu yake ya tatu ilimpatia tuzo ya Mercury, ambayo haihusiani na Freddie ila kwa jina. Albamu yenyewe aliipa jina la ukoo wake, Kiwanuka, kwa herufi kubwa, baada ya miaka ya kuulizwa kwa nini hatumii jina rahisi la jukwaani. Kawempe kila mtaa una Kiwanuka. Niliwaona vijana wakilitamka jina hilo kwa raha, na nikawaza kijana wa Kiparsi wa mwaka 1970 ambaye labda hakuona kwamba London ingemkubali kama Bulsara. Huenda alikuwa sahihi kwa wakati wake.

Mpwa wangu ana rafiki anayepiga kinanda katika kanisa moja la mabati juu ya Bwaise, na spika za kanisa hilo ni mpwa mwenyewe anayezitunza. Alhamisi alinipeleka. Kinanda chenyewe ni Yamaha ya zamani ya oktava tano, kimefunikwa kitambaa cha kudarizi, na kibonye kimoja katikati kimepoteza plastiki yake kikabaki mbavu. Kijana amekizoea, akifika hapo anatumia kidole cha kati kwa sababu ndicho chenye ngozi ngumu. Ana kama miaka ishirini. Hakuwahi kufundishwa; alikaa nyuma ya mpigaji aliyemtangulia akaangalia mikono hadi yule alipohamia Jinja. Nilimwomba anipigie wimbo wa Krismasi wa Lutaaya ingawa haukuwa msimu wake. Alianza bila kufikiri, mkono wa kushoto ukitembea kwa besi ya polepole, wa kulia ukijibu. Niliingia na taarab yangu kidogo juu, kwa oktava ya mwisho, na tukaenda pamoja vizuri kuliko nilivyotegemea. Umeme ukakatika tukiwa katikati. Mpwa wangu akaunganisha betri aliyokuja nayo, bila kuagizwa na mtu, tukaendelea.

Kisha yule kijana wa kinanda akaniuliza, kwa Kiswahili chake cha Kampala, kama mimi ni yule mtu wa mji wa Freddie Mercury. Mpwa alikuwa ameshamwambia. Kijana alikuwa ameona ile filamu ya 2018 ya maisha ya Freddie kwenye kibanda cha video, imetafsiriwa na mtangazaji wa Kiganda anayesimulia juu ya picha, na kilichomshinda kuamini ni kwamba yule mtu alizaliwa Zanzibar. Nilimweleza yote: mahakama, meli ya Bombay, bendi ya skuli, Mapinduzi, Feltham. Nilimweleza alivyokufa. Nilisema UKIMWI, kwa sauti ya kawaida, ndani ya kanisa, na hakuna aliyegeuka kuangalia mlangoni, yule kijana akatikisa kichwa akasema, "Kama Philly." Nikasema ndiyo, kama Philly. Akauliza kama watoto wa Zanzibar wanazipiga nyimbo zake kwenye sherehe. Nikamwambia hapana. Akauliza kwa nini, nikamwambia kwa sababu sisi walimu wao wa kinanda hatujawafundisha, mimi mmojawapo, na kwamba nikirudi nitaanza na wale wawili wanaokuja kwangu Jumamosi.

"Basi nifundishe mimi kwanza," akasema, akasogea kando ya benchi.

Nilimwonyesha ule mkono wa kushoto unaoruka.  Mara ya kwanza mikono yake iligongana, akacheka. Alipoambiwa asiutazame mkono unaoruka, autazame ule unaobaki, ukaenda. Akarudia, akarudia, na kila mara alipofika kwenye kile kibonye kisicho na plastiki alibadilisha kidole bila kukosa mwendo, jambo ambalo mimi sikuweza. Wanakwaya walianza kuingia mmojammoja na viti vyao vya plastiki kichwani, kina mama wakisalimia huku wakitukung'utia vumbi. Kiongozi wa kwaya akataka tumwachie kinanda, mazoezi yaanze. Kijana alimwomba dakika moja tu, kisha nyingine, hadi yule mama alipokuja kusimama nyuma yetu, akasikiliza kipande kizima, na kuuliza kama wimbo ule una maneno yanayoweza kuimbwa kanisani.